Kimya cha Sultani

Ka Melanio alisimama katikati ya jukwaa, upanga wa bati mkononi, taji limemshuka hadi kwenye nyusi, akisubiri nimpe maneno. Mimi nilikuwa chini, mbele ya miguu yake, ndani ya kisanduku, karatasi mapajani. Maneno nilikuwa nayo. Nikafunga mdomo.

Kimya kilichofuata ndicho walichokuja kukiandikia vitabu. Wasomi wa Manila wamekiita kimya cha taifa, kimya cha mkulima, kimya cha kabla ya tufani. Mjukuu wangu alikutana nacho kwenye mtihani: fafanua maana ya kimya katika tamthilia za Anselmo Manalastas. Akaja kuniuliza, "Bibi, huyu si kaka yako? Alimaanisha nini?" Nikamwambia aandike alichofundishwa, asije akapoteza alama kwa ajili ya bibi yake.

Sasa kaka yangu amekufa, Ka Melanio amekufa, na mimi sina mtihani wa kufanya.

Katika komedya, mchezo wa sikukuu wa kwetu Pulong Mabolo, hakuna anayekariri. Wachezaji ni wakulima, kinyozi, muuza samaki. Tangu Kwaresima wanafanya mazoezi ya kupiga gwaride na kupigana kwa panga, lakini maneno hawayagusi. Maneno hukaa kisandukuni, kwenye kishimo kilichochimbwa mbele ya jukwaa na kufunikwa bati, na humo hukaa diktador. Yeye husoma mstari kwa sauti ya chini, mchezaji akausikia, akanyanyua mkono, akaupaza mpaka ufike kwa wauza karanga barabarani. Kisha hungoja mwingine. Mama yangu alikaa humo mpaka sauti ikamkauka, nikaingia mimi. Enzi zile za sheria ya kijeshi watu walitania kwamba nchi ina madikteta wawili, mmoja ikulu na mwingine kisandukuni, na huyu wa kisandukuni angalau hula wali wa kufungwa kwenye majani kama sisi.

Kuya Emong, ndivyo nilivyomwita kaka yangu, alikulia humohumo. Kazi yake ilikuwa kumpepea Mama wakati akisoma. Alijua beti za Wakristo na za Wamoro, Waislamu wa mchezo, kabla hajajua kufunga kamba za viatu. Akapata nafasi ya masomo Manila, akaanza kuandika michezo iliyochezwa kwenye vyumba vya chini vya vyuo, mingine ikizuiwa siku ya pili. Rafiki zake walifungwa. Yeye hawakumgusa, na nadhani hilo lilimkera.

Mafuriko yalipokula mswada wa zamani wa komedya, kamati ya sikukuu ikamtumia ujumbe: wewe si ndiye mwandishi, tuandikie mwingine. Akaja na ndevu, mfuko wa begani na kikohozi cha sigara. Mchezo wenyewe kila mtu aliujua. Wamoro wanapigana na Wakristo tangu baada ya chakula cha mchana mpaka jua linaposhuka. Sultani anashindwa, anapiga magoti, anamwagiwa maji ya ubatizo, binti anaolewa, bendi inapiga. Mtakatifu Isidro, msimamizi wa wakulima, anaupenda hivyo. Siku yake kila kitu hupiga magoti, hata nyati wa kulimia, wanaosuguliwa mafuta kwenye pembe wakapelekwa mbele ya kanisa na kufundishwa kukunja miguu ya mbele.

Sultani alikuwa Ka Melanio, mkulima tuliyemwita Ka kwa heshima, tangu ujana wake. Mke wake alipokuwa kwenye uchungu wa mtoto wa kwanza na mkunga akakata tamaa, Ka Melanio aliweka nadhiri kwa mtakatifu: huyu akipona, mimi nitakuwa Mmoro wako, nibatizwe kila mwaka mpaka nisiweze kusimama. Mke akapona. Kijijini walisema Ka Melanio amebatizwa mara nyingi kuliko askofu.

Februari ya mwaka ule askari wa Kapteni Villaruz, aliyekuwa na kambi kando ya mfereji, walichukua vijana wawili wa chama cha wamwagiliaji. Mmoja alirudi, hana kucha. Wa pili, Dading, hakurudi. Dading alikuwa mwana wa ubatizo wa Ka Melanio; yeye ndiye aliyemshika juu ya maji kanisani siku alipopewa jina. Ka Melanio alivaa shati lake la harusi, akachukua jogoo wake wa kupiganisha kama zawadi, akaenda kambini kuuliza. Wakamwambia aende nyumbani. Akaenda. Jogoo alibaki. Tangu siku hiyo hakulitaja jina la Dading mbele ya mtu, nasi tukasema ana akili, mdomo huponza kichwa.

Asubuhi ya sikukuu, nyati wakiwa bado wanapakwa mafuta, Kuya Emong alinivuta nyuma ya jiko akanipa kurasa alizokuwa amezizuia.

"Mwisho ndio huu. Usimwonyeshe mtu."

Nikasoma nimesimama. Mfalme wa Wakristo anamwambia Sultani apige magoti apokee maji. Sultani anajibu: Maji haya ni safi, mfalme. Mkono unaoyamimina ndio wenye damu.

"Hapigi magoti?" nikauliza.

"Atapiga. Kwanza aseme hayo."

"Kuya, Kapteni atakuwa mstari wa mbele. Kamati imemwalika."

"Ndiyo maana."

"Na Ka Melanio anajua?"

Akafunga kifungo cha shati, akakifungua, akakifunga tena. "Wewe msomee tu, Nila."

Nilimchukia kaka yangu mchana kutwa. Yeye angekaa kwenye kiti kizuri pamoja na wageni wake wa Manila, mhariri mmoja, maprofesa, bibi mmoja wa kizungu mwenye kofia, na mkulima asiyejua linalokuja angenyanyua mkono na kupaza maneno yale usoni mwa Villaruz. Mdomo ungekuwa wa Ka Melanio na kichwa kingekuwa cha Ka Melanio. Mwandishi angepata makofi.

Ukiwa kisandukuni huoni nyuso za watazamaji. Unaona miguu. Niliona viatu vya meya, viatu vya padri, na buti za Kapteni zilizong'arishwa, moja ikigonga ardhi kwa kufuata bendi. Joto lilikuwa la kuoka mkate. Nilisoma mistari mchana wote, wakapigana, wakafa, wakaamka wakaenda kunywa maji nyuma ya pazia, mpaka Tinoy kinyozi, aliyekuwa mfalme, akasema, "Piga magoti, Sultani, upokee maji." Ka Melanio akanyanyua mkono, tayari. Akageuza sikio kwangu.

Buti ile ilikuwa bado inagonga.

Sikumpa kitu. Akateremsha macho akanitazama kwenye uwazi wa kisanduku. Hilo nalikumbuka kuliko yote, alivyonitazama. Nilidhani ni woga wa mchezaji aliyeachwa bila mstari. Mkono wake ulibaki juu. Tinoy akarudia, "Piga magoti, Sultani." Mkuu wa bendi akanyanyua fimbo, akaishusha. Mtoto alilia mahali, akanyamazishwa. Sijui kimya kile kilikuwa kirefu kiasi gani. Wasomi wameandika dakika nyingi, lakini wao walikuwa wamekaa kivulini.

Halafu Kapteni akacheka. "Mzee kasahau. Mpeni maji anywe kabla hamjambatiza." Uwanja mzima ukacheka naye, kwa shukrani ya kupata ruhusa. Na mimi, kutoka kichwani, nikampa Ka Melanio mstari wa mswada wa zamani: Nimeshindwa, mfalme, nimwagie maji. Hakuupaza mara moja. Alinitazama tena. Kisha akausema, akapiga magoti, Tinoy akamwagia maji, bendi ikalipuka na tarumbeta zake zote.

Nyuma ya jukwaa Kuya Emong alinifuata. Uso wake ulikuwa mweupe.

"Ulipoteza ukurasa?"

"La."

Akafungua mdomo anijibu. Ka Melanio alikuwa pale kwenye kigoda, taji magotini, maji yakimchuruzika shingoni. Akamtazama kaka yangu akatikisa kichwa, kidogo tu. Nikadhani anamwomba asinigombeze. Kuya akageuka akaenda kula na wageni wake. Zile kurasa nilizichoma jikoni kwa Mama, chini ya sufuria ya wali.

Wiki iliyofuata mhariri yule akaandika. Hakuweza kuandika mengi, zama hazikuruhusu, lakini aliandika kwamba katika kijiji kimoja cha mpunga ameona sultani akiamriwa kupiga magoti na akakataa kwa kunyamaza, na kwamba hajawahi kusikia neno zito kama kile kimya. Watu wakasoma wakaelewa. Hakuna kambi inayoweza kumfunga mtu kwa maneno ambayo hakuyasema. Mchezo ukaalikwa Manila, ukachezwa na mwigizaji wa kulipwa mwenye kifua kipana, na pale kwenye mstari kaka yangu aliandika maneno mawili: kimya kirefu.

Baada ya hapo kila tamthilia yake ilikuwa na pale pake pa kimya. Mama mbele ya mahakama, anyamaze. Bibi harusi anayeulizwa na padri, anyamaze. Mfanyakazi wa meli anayepiga simu nyumbani, anyamaze mpaka simu ikatike. Utawala ukaanguka, wengine wakakosa cha kuandika, yeye akaendelea. Alifundisha, akaoa, akaachwa, akaalikwa Tokyo na Berlini, akanywa kuliko inavyofaa, akaugua jongo, ugonjwa wa vidole vya miguu, kama tajiri. Kila Mei alirudi kula nguruwe wa kuchoma na kulalamika kwamba chumvi imezidi. Kuhusu siku ile hatukuzungumza. Mimi nilibaki kisandukuni. Niliolewa, nikazaa, nikafiwa na mume, na kila Mei nikateremka kwenye kishimo changu. Moyoni nilijiona nimemwokoa mmoja na kumlisha mwingine, na sikudai shukrani kwa yeyote. Nilijisikia vizuri, niseme ukweli.

Mwaka serikali ilipompa kaka yangu nishani, kamati ikaamua komedya yake irudi ilipozaliwa. Villaruz ndiye aliyetoa turubai, vipaza sauti na nguruwe wawili. Wakati huo alikuwa mbunge, muhula wa tatu, mvi nzuri, mkono mwepesi kwenye misiba. Wageni wa Manila walikodi mabasi waje kukiona kimya kwenye udongo wake. Na Ka Melanio, ambaye goti moja lilikuwa limekufa na ambaye kwa miaka kadhaa alikuwa amemwachia mwanawe taji, akatuma neno: Sultani ni mimi.

Nilikwenda kwake kumsihi aache. Nilimkuta barazani akipepeta choroko.

"Nila," akasema, hata salamu haijaisha, "safari hii utanipa maneno yangu?"

"Maneno gani, Ka Melanio? Pale siku hizi ni kimya. Kimeshachapishwa."

"Kimechapishwa." Akapuliza makapi. "Yale ya maji na mkono."

Nikakaa bila kukaribishwa. "Uliyajulia wapi?"

"Mtu huyajulia wapi maneno yake mwenyewe? Kaka yako alikuja hapa wakati wa mazoezi, akakaa hapohapo ulipokaa. Akaniuliza, Ka Melanio, yule mfalme akikuambia piga magoti, moyoni huwa unamjibu nini? Miaka yote ile hakuna aliyewahi kuniuliza. Nikamwambia. Akaandika. Akaniuliza kama nina hakika, maana Kapteni atakuwepo. Nikamwambia, Dading nilimshika mimi juu ya maji, si wewe."

Kuku walikuja wakaanza kuokota yaliyomwagika. Hakuwafukuza.

"Sasa mbona hukuyasema? Ulikuwa nayo kichwani."

"Nilikuwa nayo. Ndiyo maneno pekee niliyowahi kuyakariri. Lakini mimi pale juu sijawahi kusema neno lisilotoka kisandukuni, Nila. Nikakutazama. Nikasema, huyu yuko chini, anaona tusiyoyaona sisi, pengine ameona bunduki. Nikangoja. Ukanipa yale ya zamani, nikapiga magoti."

"Nilidhani hujui. Nilidhani nakuokoa."

"Nalijua hilo. Ndiyo maana nikamkataza kaka yako asikuambie."

Akaendelea kupepeta. Baadaye akasema, kwa sauti ileile aliyoitumia kunitajia bei ya choroko, "Huenda ningekufa mwaka ule. Huenda pia ningelala vizuri miaka yote hii."

Alinifungia choroko kwenye gazeti nikapike, nikaondoka nazo. Njiani niliona aibu, na aibu ilipochoka ikawa hasira, na hasira ikajua pa kwenda.

Kuya Emong alikuwa nyumbani kwa Mama, mguu wake mbovu juu ya mto.

"Ungeniambia," nikasema.

Hakuuliza nini. "Aliniapisha."

"Mtu mzima wewe, msomi, unaapishwa ukaapa?"

"Na kile kimya kilikuwa kizuri, Nila." Alitazama mguu wake, si mimi. "Kizuri kuliko mstari wowote niliowahi kuandika. Nilikula nacho, nikavaa nacho, nikapanda nacho ndege. Kila mchezo nikifika pale najaribu kuweka neno, naona halifai."

"Hakikuwa chako."

"Hakikuwa changu. Na ule mstari nao haukuwa wangu. Hiyo ndiyo nishani waliyonipa." Akacheka peke yake, kikohozi kikamkatisha.

Nikampa maji. Nikamwambia, "Mwaka huu nitampa maneno yake."

"Watu wamekodi mabasi kwa ajili ya kimya."

"Waangalie nyati, kisha warudi na mabasi yao."

Akafikiri. Nikaona anataka kukataa, na kwamba kukataa kungemfaa. Kitabu cha tamthilia zake zote kilikuwa kwa mchapaji, na utangulizi wake ulikuwa juu ya kile kimya tu. "Villaruz atakuwa mstari wa mbele," akasema mwishowe.

"Ndiyo maana," nikasema.

Siku ya sikukuu nilishuka kisandukuni kwa kusaidiwa na watu wawili, magoti yangu nayo si ya kusimulia. Niliona miguu. Viatu vya meya mpya. Viatu vya padri mpya. Fimbo ya kaka yangu na ndara zake za hospitali. Karibu naye viatu vyeupe vya mpira, vya mzee aliyeshauriwa na daktari atembee, kimoja kikigonga ardhi kwa kufuata bendi. Ka Melanio alicheza akiwa ameegemea upanga. Alipigana amesimama mahali pamoja, Wakristo wakawa wanamzunguka. Hakuna aliyecheka.

Mwana wa Tinoy, aliyerithi taji la baba yake, akasema, "Piga magoti, Sultani, upokee maji." Ka Melanio akanyanyua mkono. Kwenye viti vya wageni kukawa na mkwaruzo wa watu wanaojiweka vizuri kukipokea kimya. Ka Melanio akaniteremshia macho, vilevile, na safari hii nikayasoma sawasawa.

"Maji haya," nikaanza.

Hakuningoja. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake alinipita. "Maji haya ni safi, mfalme!" Sauti ilikuwa kubwa kuliko mwili wake, vipaza sauti vikaichukua mpaka mferejini. "Mkono unaoyamimina ndio wenye damu!" Kisha, jambo ambalo halikuwa kwenye karatasi yoyote, akaongeza kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayeita mtoto aje kula: "Dading."

Kiatu cheupe kikaacha kugonga.

Uwanjani hakuna aliyepiga makofi, hakuna aliyeguna. Kutoka viti vya nyuma mwanamke mmoja, dada yake Dading, alisimama, naye akabaki amesimama. Ka Melanio akaweka upanga chini, akashika bega la mfalme wake, akashusha goti zima, kisha lile bovu, akainamisha kichwa amalize nadhiri yake. Maji yakamwagwa. Bendi ikapiga. Mbunge akaondoka kabla binti hajaolewa, na hakungoja nguruwe wake.

Ka Melanio alikufa mvua zilipoanza, usingizini. Mkewe aliniambia kwamba tangu sikukuu alikuwa akilala mpaka jua linampiga usoni, jambo ambalo hakuwahi kumjua nalo.

Gazeti moja la Manila liliandika habari za siku ile, aya moja ndogo. Lilisema mchezo ulikuwa na uchangamfu wa kijijini, ila mzee mmoja, kwa kutouelewa mswada, alikiharibu kimya mashuhuri cha Anselmo Manalastas kwa kusema maneno yasiyokuwepo. Kaka yangu alipewa nishani, vyeti, vikombe vya kioo, picha akiwa na watu wakubwa, na vyote alivitupia kabatini. Ile aya aliikata kwa mkasi wa Mama akaibandika ukutani juu ya meza yake, na ilikuwa bado ipo siku tulipokwenda kuuchukua mwili wake.